Mvinyo Mchanga wa Bobal kwa Jagi la Sangria: Tathmini Baada ya Kiangazi Kimoja Valencia

Kiangazi kilichopita, kuanzia Juni hadi Agosti, nilitengeneza sangria mara kumi na nne katika jiko langu dogo hapa Valencia, mashariki ya Hispania, nikitumia mivinyo minne tofauti na kuandika kila mara vipimo nilivyotia, saa nilizoloweka matunda na yale waliyosema wageni waliokunywa. Nilianza kazi hiyo baada ya kutoridhika na sangria za madukani na za mikahawani, nikiamini kwamba siri yote imo katika matunda. Nilipomaliza nilikuwa nimebadili mawazo. Matunda yana nafasi yake, lakini kinachoamua kama jagi litakwisha mezani au litarudi jokofuni likiwa nusu ni mvinyo uliotiwa mwanzoni, na mvinyo ulionifaa kuliko mingine yote ni ule ambao wanunuzi wengi huupita bila kuutazama: mvinyo mwekundu mchanga wa zabibu aina ya Bobal, kutoka eneo la Utiel-Requena. Tathmini hii ni ya mvinyo huo, kwa matumizi hayo.

Kwa msomaji ambaye hajawahi kukutana nayo, sangria ni mvinyo ambao matunda yamelowekwa ndani yake, ukatiwa utamu kidogo na pengine kiungo kimoja au viwili, kisha ukanywewa ukiwa baridi sana. Jina lake limetokana na neno la Kihispania «sangre», yaani damu, kwa sababu ya rangi yake. Kanuni ya Umoja wa Ulaya ya mwaka 2014 kuhusu mivinyo iliyotiwa viungo inaruhusu kinywaji kiuzwe kwa jina hilo peke yake ikiwa tu kimetengenezwa Hispania au Ureno, kikiwa na kileo kisichopungua asilimia 4.5 na kisichofika asilimia 12, na rangi yake ikitokana na malighafi zenyewe. Jambo ambalo wanunuzi wengi hawalijui ni kwamba kanuni hiyohiyo inakubali harufu ya kinywaji itokane na dondoo asilia za matunda jamii ya machungwa, hata kama hakuna tone la maji ya tunda lililotiwa. Kwa maneno mengine, chupa inaweza kuitwa sangria kihalali ilhali mvinyo uliomo haujawahi kukaa pamoja na kipande cha tunda hata kwa dakika moja.

Hilo linaeleza kile nilichokipata katika chupa ya plastiki ya lita moja na nusu niliyoinunua supamaketi mwanzoni mwa Juni, ambayo mtengenezaji wake sitamtaja. Ilikuwa baridi, ilikuwa nyekundu, na bei yake ilikuwa ndogo. Hata hivyo harufu yake ilikuwa ya pipi ya machungwa, utamu wake ulibaki ulimini muda mrefu baada ya kumeza, na chini ya utamu huo hapakuwa na kitu cha kuushikilia: hapakuwa na uchachu wala ladha ya zabibu. Nilijaribu kuiokoa kwa kukamulia malimau mawili na kuloweka mapichesi usiku kucha. Matunda yalitoka matamu, kinywaji kikabaki vilevile. Mvinyo dhaifu ukishatiwa sukari nyingi hauna tena nafasi ya kupokea kitu kingine, na tangu siku hiyo sijainunua tena sangria iliyokwisha kutengenezwa.

Ya mkahawani ilinikera zaidi, kwa sababu ilinigharimu mara nne ya hiyo. Tuliagiza jagi katika mkahawa mmoja wa ufukweni, likaletwa likiwa limejaa barafu hadi mdomoni, na juu yake vipande vya chungwa na tofaa vilivyokuwa bado vikavu upande mmoja, ishara kwamba vilikatwa na kutupiwa humo muda mfupi kabla ya mhudumu kufika mezani. Baada ya robo saa tulikuwa tukinywa maji ya rangi ya waridi. Ndiyo maana wenyeji wa hapa, wanapokwenda baa wakati wa joto, mara nyingi huagiza «tinto de verano», yaani mvinyo mwekundu wa kiangazi, ambao ni mvinyo na soda nyepesi iitwayo «gaseosa», pamoja na barafu na kipande cha limau. Kinywaji hicho hakidai kwamba kimelowekwa chochote, na kwa hiyo hakimdanganyi mtu. Sangria yenyewe, kwa jirani yangu mzee aliyenifundisha mengi ya haya, ni kinywaji cha nyumbani ambacho hutengenezwa asubuhi kwa ajili ya jioni, na mtu asiye na subira ya siku nzima ni heri anywe hicho kingine.

Sasa nirudi kwenye Bobal. Utiel-Requena ni eneo la mashamba ya mizabibu lililo bara, ndani ya mkoa huu wa Valencia, kiasi cha kilomita 70 magharibi ya jiji, kwenye uwanda ulioinuka mita 600 hadi 900 juu ya usawa wa bahari. Mwinuko huo una maana kubwa. Mchana wa Agosti uwanda ule huwaka jua kama pwani, lakini usiku hewa hupoa, na zabibu zinazopata usiku wa baridi huhifadhi uchachu wao badala ya kuupoteza wakati zinaiva. Bobal kwa asili yake ni zabibu yenye uchachu mwingi na ganda lenye rangi nzito, na kwa miaka mingi sifa hizo mbili ndizo zilizoifanya idharauliwe. Ilitumika kutengenezea mvinyo mweusi mzito uitwao «doble pasta», ambao pipa lake hupewa maganda mara mbili ya kawaida, kisha mvinyo huo ukauzwa kwa wingi bila jina ili ukatie rangi na nguvu mivinyo ya watu wengine. Siku hizi wapo wakulima wa huko wanaoitengeneza Bobal kwa heshima yake, lakini jina halijapata umaarufu wa Rioja, eneo la mivinyo lililo kaskazini ya Hispania, na bei ya chupa ya kawaida inaonyesha hivyo: chupa nilizotumia mimi zilinigharimu chini ya euro 5 kila moja.

Kwa nini uchachu na rangi vina faida kubwa hivyo katika jagi? Mtu anapotengeneza sangria anaupunguza mvinyo kwa maji ya matunda, kwa soda na hatimaye kwa barafu inayoyeyuka, huku akiongeza sukari. Kila hatua ya hizo inaudhoofisha mvinyo. Usipokuwa na uchachu wa akiba, sukari itaushinda. Usipokuwa na rangi ya akiba, utaishia kuwa maji ya rangi ya waridi kama yale ya ufukweni. Bobal mchanga huvumilia yote hayo. Hata baada ya kutiwa robo lita ya soda, jagi langu lilibaki na rangi ya zambarau inayokaribia ile ya rozela iliyochemshwa vizuri, na nilipoonja nilikuta kwanza chungwa, kisha pichesi, kisha zabibu zenyewe, kila kimoja kikijulikana.

Mvinyo wa pili niliojaribu ulikuwa wa zabibu aina ya Monastrell kutoka Jumilla, upande wa Murcia. Ni mvinyo mzuri wa kunywa peke yake pamoja na nyama choma. Kwa sangria, hata hivyo, chupa niliyopata ilikuwa na kileo cha asilimia 14.5 na ladha ya matunda yaliyoiva mno, karibu na jamu, na ilipotiwa pichesi lililoiva kinywaji kizima kikawa kizito. Nilihitaji malimau mawili ya ziada ili kukiinua, na hata hivyo wageni waliishia glasi moja moja. Mvinyo wa bei ndogo kabisa unaouzwa katika boksi la karatasi ulikuwa wa tatu. Huo haukuwa na kosa la kulitaja wala sifa ya kuikumbuka.

Wa nne ndio ulionifundisha zaidi, kwa sababu ulikuwa bora kuliko yote minne na ukatoa sangria mbaya kuliko zote. Ulikuwa mvinyo wa Rioja wa daraja la «crianza», jina ambalo kwa mivinyo myekundu ya eneo hilo lina maana kwamba mvinyo umekaa angalau mwaka mmoja ndani ya mapipa ya mwaloni. Mwaloni huupa mvinyo tanini, yaani vitu vinavyoleta ukakasi, na harufu ya vanila na ya mbao, mambo yanayopendeza katika glasi isiyo na barafu. Lakini ubaridi hubadilisha hesabu hiyo, kwa kuwa kitu kikiwa baridi sana utamu wake na harufu yake hupungua ulimini, ilhali uchungu na ukakasi huongezeka. Mvinyo ule uliokuwa laini ukiwa na joto la kawaida ulitoka jokofuni ukiwa na ukakasi wa bibo, ule unaokausha ulimi na fizi, na vanila yake ikagombana na limau. Nilikuwa nimelipa euro 9 ili kuharibu vitu viwili kwa wakati mmoja. Kwa hiyo nawasihi wanaonunua chupa kwa ajili ya sangria watafute kwenye lebo neno «joven», lenye maana ya mchanga, na waepuke neno «crianza» na yote yanayotaja pipa.

Bobal nayo haikosi kasoro, na nitakuwa simtendei haki msomaji nikizificha. Kwanza, inapokuwa changa kabisa huwa na ukali fulani wa kishamba ambao haupendezi ikinywewa peke yake. Mtu anayetaka chupa moja ya kufanya kazi zote mbili, yaani ya kunywa na chakula na ya kutia jagini, huenda isimfae. Pili, chupa moja kati ya zile nilizofungua ilitoka na harufu ya yai lililooza, ambayo iliondoka baada ya kuumiminia mvinyo kwenye bakuli pana na kuukoroga kwa dakika kumi. Tatu, nje ya mkoa huu si rahisi kuipata, na hata hapa mara nyingi imewekwa rafu ya chini. Tena, kwa kuwa heshima ya zabibu hii inapanda, zimeanza kuonekana chupa za Bobal ya mizabibu mikongwe iliyolazwa kwenye mwaloni, kwa bei ya mara tatu au nne. Hizo ni za kunywa taratibu pamoja na chakula, na kuzitia soda ni upotevu.

Kuhusu matunda, nilipata mshangao ambao ningepaswa kuutarajia. Valencia ni jina linalokwenda na machungwa duniani kote, na nilidhani kwamba mtu anayekaa hapa hawezi kukosa chungwa zuri la kutia katika sangria. Lakini chungwa la Hispania huvunwa kuanzia vuli hadi mwanzoni mwa kiangazi. Aina ya mwisho kuvunwa, iitwayo Valencia Late, huishia karibu na Juni. Mwezi Agosti, joto linapokuwa kali na kila mtu akitaka sangria, machungwa mengi ya supamaketi ama yametoka katika vyumba vya baridi ama yamesafiri kutoka Afrika Kusini, ambako huo ndio msimu wake. Hayo ya Afrika Kusini ni mazuri, na sioni aibu kuyatumia katika jiji hili. Ila yale ya vyumba vya baridi huwa na ganda lililochoka, na ganda ndilo lenye harufu tunayoihitaji. Kwa sababu hiyo, kuanzia Julai niliyapunguzia machungwa kazi, nikaipa limau na pichesi. Malimau ya aina ya Verna kutoka Murcia hupatikana hadi Julai, na mapichesi, ambayo wazee wetu waliyaita mafyulisi, hujaa sokoni kiangazi chote.

Soko ninalonunulia ni Mercado Central, lile jengo kubwa la chuma, vioo na vigae lililofunguliwa mwaka 1928 katikati ya mji mkongwe. Nalipendekeza kwa moyo wote kwa kazi hii, kwa sababu moja tu: wauzaji wa matunda huuliza utayala lini na kwa namna gani. Nilipomwambia mama mmoja kwamba mapichesi ni ya kuloweka, alirudisha yale niliyochagua na kunipa magumu zaidi, akieleza kwamba lililoiva vizuri kwa kuliwa litakuwa uji ndani ya mvinyo baada ya saa tatu. Alikuwa na haki. Pichesi la bapa, linaloitwa hapa «paraguayo», likiwa bado gumu kidogo linapobonyezwa kwa kidole, hukaa saa sita bila kusambaratika. Soko hufungwa saa tisa mchana na Jumapili halifunguliwi, kwa hiyo anayefanya kazi ofisini atalazimika kulitembelea Jumamosi asubuhi.

Namna ninavyotengeneza sasa, baada ya makosa niliyoyafanya, ni hii. Kwa chupa moja ya mililita 750 huchukua limau moja na chungwa moja, nikayaosha kwa maji ya moto na brashi ili kuondoa nta iliyopakwa kwa ajili ya kuhifadhia, kisha nikamenya ganda la nje tu kwa kisu chepesi, nikiiacha ile nyama nyeupe ya chini ibaki kwenye tunda. Maganda hayo huyatia ndani ya jagi pamoja na gramu 40 za sukari, nikayaponda taratibu kwa mwiko wa mbao na kuyaacha kwa muda wa saa moja. Sukari huvuta mafuta ya harufu yaliyomo katika ganda na kuwa kama shira nzito yenye manukato, bila kuchemshwa na bila maji. Hatua hii inaleta tofauti kubwa kuliko nyingine yoyote katika upishi huu, na ndiyo ambayo mkahawa hauwezi kuifanya mezani. Pia inamaliza tatizo la sukari kukataa kuyeyuka ndani ya mvinyo baridi, kwa sababu humimina mvinyo ukiwa katika joto la kawaida na kukoroga hadi punje zote zipotee.

Baada ya hapo hutia mililita 40 za brandi, maji ya lile chungwa ambayo kwa kawaida hutoka kama mililita 100, kijiti kimoja cha mdalasini, na mapichesi mawili yaliyomenywa na kukatwa vipande vya ukubwa wa kidole gumba. Mdalasini ninaotumia ni wa Zanzibar, ambao dada yangu huniletea. Ni mkali, kwa hiyo hutoa kijiti baada ya saa mbili. Nilijaribu karafuu mara moja, punje tatu tu, na zikatawala jagi zima hadi mvinyo ukanikumbusha dawa ya meno. Wenye mapenzi ya karafuu wanaweza kuanza na punje moja, na kwa saa moja.

Muda wa kuloweka unastahili maelezo marefu kidogo, kwa sababu ndipo watu wengi hukosea, na mimi nilikosea pia. Niliamini kwamba matunda yakikaa zaidi kinywaji kitakuwa bora zaidi, nikaacha jagi la kwanza la Juni jokofuni kwa saa 24, likiwa na machungwa yaliyokatwa duara pamoja na maganda yake. Kesho yake kinywaji kilikuwa kichungu kwa namna ambayo sukari haikuweza kuifunika. Mgeni mmoja alikunywa mafunda mawili kwa adabu na kuiacha glasi. Uchungu huo ulitoka katika ile nyama nyeupe ya ganda, ambayo kileo huikamua polepole. Nilipojaribu saa mbili, mvinyo na matunda vilikuwa bado wageni kwa wageni. Saa sita ndizo zilizonifaa kwa mapichesi: nikianza kuloweka saa nne asubuhi, jagi huwa tayari saa kumi jioni. Tofaa gumu linaweza kulowekwa kwa muda wa hadi saa kumi na mbili bila madhara. Ndizi, tikiti maji na stroberi zilizoiva sizipendekezi kabisa kwa kuloweka, kwa kuwa huvurugika na kuufanya mvinyo usiwe angavu. Anayezipenda na azitie katika glasi wakati wa kuandaa.

Maji ya limau huyaacha hadi mwisho, nikayatia kidogo kidogo huku nikionja, kwa sababu kila chupa ya Bobal ina uchachu wake. Mara nyingi limau moja lililomenywa ganda mwanzoni hutosha. Soda pia ni ya dakika ya mwisho, robo lita kwa jagi, ikamiminwa taratibu kwenye ukingo ili gesi isipotee. Hapa Valencia hutumia ile «gaseosa», ambayo tayari ina utamu kidogo, na ndiyo sababu sukari yangu ya mwanzo ni gramu 40 tu. Anayetumia maji ya soda yasiyo na sukari anaweza kupandisha hadi 60. Na barafu isitiwe kamwe ndani ya jagi. Jagi likiwa limekaa jokofuni saa sita limekwisha kupoa vya kutosha, na vipande viwili vikubwa vya barafu katika kila glasi vinatosha kulinda ubaridi kwa muda wa kunywa. Katika siku za joto kali, ambazo hapa huja na unyevu kama wa Tanga mwezi Februari, hugandisha zabibu nzima usiku uliotangulia na kuzitumia badala ya barafu, nazo hazipunguzi ladha hata kidogo.

Jambo la nguvu ya kinywaji hiki linahitaji kusemwa wazi. Kwa vipimo nilivyotoa na mvinyo wa asilimia 12.5, jagi hutoka na kileo cha karibu asilimia 9. Glasi ya robo lita inabeba takriban mililita 22 za kileo halisi, wakati chupa ndogo ya bia ya mililita 330 yenye asilimia 5 inabeba mililita 16 na nusu. Ubaridi na utamu huficha hilo, na mtu mwenye kiu hunywa sangria haraka kuliko bia. Matunda yaliyobaki chini yamelowa kileo vilevile, kwa hiyo si ya kuwapa watoto hata kama yanaonekana kama saladi. Nikiwa na wageni watakaoendesha gari baadaye huwaandalia kinywaji kingine kabisa, na kwa wengine huiacha brandi nje, jambo ambalo huishusha nguvu hadi karibu asilimia 8 bila kuathiri ladha sana.

Ninao marafiki kutoka Mombasa na Zanzibar ambao hawanywi kileo, na kwao hutengeneza jagi lao, katika chombo chao, kwa maua ya rozela, ambayo Tanzania wengi huyaita choya. Hapa huyapata katika maduka ya Wasenegali kwa jina la «bissap». Gramu 30 za maua makavu kwa lita moja ya maji yaliyochemka, dakika kumi na tano, kisha kuchuja na kupoza. Baada ya hapo ni maganda yaleyale ya limau na sukari, mapichesi yaleyale na saa sita zilezile. Uchachu na rangi ya rozela hufanya kazi ileile inayofanywa na Bobal, na kwa kweli rozela inaizidi sangria ya supamaketi kwa mbali sana.

Desemba iliyopita nilikuwa nyumbani Dar es Salaam, na nilitaka kujua kama njia hii inaweza kufuatwa bila Bobal. Dodoma inalima zabibu na kuvuna mara mbili kwa mwaka, na mvinyo wake mwekundu unapatikana katika maduka mengi ya jijini. Funzo la kwanza nililolipata huko ni la kusoma lebo: sehemu kubwa ya mivinyo iliyokuwa rafuni ilikuwa ya aina tamu, na mvinyo mtamu hauna haja ya kutiwa sukari yoyote. Nilitafuta ule mkavu, yaani usio na sukari iliyobaki, nikauloweka embe lisiloiva kabisa na maganda ya limau, na mwishoni nikatia maji ya pasheni tatu. Embe lilistahimili saa nne tu, lakini pasheni ilileta uchachu ambao mvinyo wenyewe haukuwa nao wa kutosha. Shangazi yangu, ambaye hanywi, alipoona matunda yakielea aliuliza kwa nini nisitumie ubuyu, na swali lake ndilo lililonirudisha kwenye lile jagi la rozela.

Kwa anayeishi Hispania, au popote penye duka la mivinyo linaloagiza kutoka mkoa wa Valencia, uamuzi wangu ni kwamba Bobal mchanga wa Utiel-Requena wenye kileo cha asilimia 12 hadi 13 ndio mvinyo wa kununua kwa sangria, na ningeupa alama tisa kati ya kumi kwa kazi hiyo, nikiipunguza moja kwa sababu ya ile chupa iliyotoka na harufu mbaya. Ukiwa peke yake katika glasi ningeupa sita.

Limebaki jaribio moja ambalo sikuwahi kulifanya. Mapichesi ya Calanda, kutoka Teruel kule Aragon, hufungwa kila moja katika mfuko wa karatasi yakiwa bado mtini, na hukaa humo hadi yaive. Ni makubwa, ya manjano, magumu na yenye harufu nzito, sifa zote ninazozitafuta katika tunda la kuloweka. Ila huingia sokoni kuanzia katikati ya Septemba, wakati jirani zangu wengi wamekwisha kurudisha majagi kabatini. Yule mama wa Mercado Central ameahidi kuniwekea kilo mbili, na chupa mbili za Bobal zinangoja chini ya sinki, mahali penye giza na pasipo joto.